Ushahidi wa Wakili Bekir

Wametusimulia waliotutangulia, na Mwenyezi Mungu ndiye ajuaye zaidi, kwamba katika nchi ya Poland, zama ilipokuwa chini ya mfalme wa kigeni, aliishi mja mwema aitwaye Bekir Ulanowicz. Alikuwa Mtatari, wa wale Waislamu ambao mababu zao walipewa ardhi huko kwa ushujaa wao wa vitani, wakakaa karne baada ya karne na majirani Wakristo, wakisema lugha moja na kuzikana. Bekir alisomea sheria akawa wakili, kisha watu wa wilaya wakamchagua mjumbe wa baraza lao. Baraza lenyewe halikuwa na meno, kwani neno la mwisho lilikuwa la gavana aliyeletwa na wageni. Lakini Bekir hakukosa kikao hata kimoja, na hakuna aliyepata kumsikia akisema asichokiamini.

Ikatokea siku moja ya baridi kali, adhuhuri, Bekir anarudi kutoka sokoni kwa gari lake la kuteleza juu ya theluji. Akapita mbele ya ghala la serikali lililohifadhi majani makavu ya farasi wa jeshi. Ndani ya mlango uliokuwa wazi aliwaona askari wawili wa zamu wameketi juu ya majani, wanavuta viko na kucheka. Langoni alisimama kijana mmoja seremala, Walenty, mtoto wa Mzee Ignacy wa kijiji cha jirani, anawatukana askari wale kwa sauti yake yote. Kisha kijana akageuka kwenda kwao. Bekir, kwa kuwa njia yao ilikuwa moja, akamfuata nyuma polepole mpaka kijijini, akamwona anaingia kwa baba yake.

Saa moja baadaye ghala likateketea.

Askari, kwa kuogopa adhabu, walidai kwamba wanakijiji walikuja na mienge. Wakakamatwa wanaume kumi na mmoja, Walenty akiwamo, na ikajulikana kwamba wakihukumiwa watapelekwa nchi za barafu, ambako wengi huenda na wachache hurudi. Bekir alipopata habari hizo alikwenda mahakamani, akaandikisha jina lake kuwa shahidi.

Gavana akamwita. Akamkaribisha chai, akamsifu kwa elimu yake, kisha akasema, "Bwana Ulanowicz, kiti cha hakimu kiko wazi. Hajapata kukalia kiti hicho mtu wa dini yako. Nami naona umekosea tu: siku ile theluji ilikuwa nyingi, hukuona kitu."

"Mheshimiwa," akajibu Bekir, "theluji ilikuwa chini. Hewani hapakuwa na kitu."

Gavana akaweka kikombe chake mezani. "Basi fikiri pia juu ya safari ndefu."

Inasemekana Bekir alitoka mle ameingiwa na hofu, kwani hakuwa jiwe, alikuwa mwanadamu. Alipofika nyumbani akamweleza mkewe, Bibi Meriema. Mama yule akauliza, "Utasema ulichokiona?"

"Insha'Allah."

"Basi nitakutolea koti lako zito. Huko wanakopeleka watu kuna baridi kuliko hapa." Wala hakuongeza neno, na Bekir akahisi moyo wake umetulia.

Lakini mtihani uliokuwa mzito zaidi haukutoka kwa gavana. Ulikuja na mtu mnyonge, ameishika kofia yake mkononi. Mzee Ignacy aliketi kwenye ukumbi wa Bekir, akasema, "Bwana Wakili, mwanangu ameniambia. Siku ile langoni aliwaambia wale askari, 'Liungue ghala lenu lote, na nyinyi ndani yake!' Hakuna aliyeyasikia ila wewe. Askari wamesema adhuhuri ile hawakuwamo ghalani, basi hawawezi kuyataja sasa. Nakuomba kwa haki ya ujirani, hilo neno moja liache."

Bekir aliyatazama machozi ya mzee, na nafsi yake ikamwambia: neno moja tu, nalo ni la kuokoa, si la kudhulumu.

"Mzee wangu," akasema hatimaye, "sitalitaja kwa kujitolea. Lakini nikiulizwa, nitajibu. Ushahidi ni amana. Nikiukata kipande kwa ajili yako, kesho nitaukata kwa ajili ya gavana."

Mzee Ignacy aliondoka bila kuaga.

Siku ya kesi Bekir aliapishwa kwa Kurani Tukufu. Akaeleza viko, kicheko na mlango uliokuwa wazi, na askari wale wawili wakainamisha vichwa. Ndipo mwendesha mashtaka akainuka, akauliza kwa kejeli, "Na hawa washtakiwa, siku ile hukumwona hata mmoja?"

"Nilimwona Walenty."

"Akifanya nini?"

Bekir akayasema maneno yale yote, neno kwa neno. Ukumbi ukavuma. Mwanamke mmoja akapiga ukelele. Bekir akaendelea kwa sauti ile ile, "Baada ya hapo aliondoka. Nilimfuata mpaka nyumbani kwa baba yake, akaingia. Mkononi hakuwa na kitu."

Hakimu, mzee wa kigeni aliyekaribia kustaafu, akavua miwani. "Unawapenda watu hawa?"

"Ni jirani zangu."

"Mbona basi umenipa maneno ya kumfunga mmoja wao?"

"Umeniuliza, Bwana Hakimu. Nami nimeapa kwa Mmoja aliyekuwapo pale."

Hakimu akaandika muda mrefu. Kisha akatamka kwamba mtu asiyeficha la kuwadhuru rafiki zake haaminiki kuwa amezua la kuwaokoa. Wote kumi na mmoja wakafutiwa shtaka la moto. Walenty akafungwa miezi mitatu kwa matusi.

Gavana hakusahau. Bekir akavuliwa ujumbe, akanyang'anywa ruhusa ya uwakili, na majira ya kuchipua yalipoanza ikaja amri ya kumhamishia mbali, mashariki ya mbali, kwa miaka minne. Asubuhi ya kuondoka alikuta gari la farasi limesimama mlangoni, na juu yake Walenty, aliyetoka gerezani wiki iliyotangulia.

"Niliapa nikitoka nitakupiga," alisema kijana.

"Nami niko hapa," akajibu Bekir.

"Kila aliyenitetea alisema mimi ni kondoo. Wewe peke yako ulinisema nilivyo, na kwa hilo niko kwetu leo." Akashuka, akaubeba mzigo wa Bibi Meriema. "Stesheni ni mbali. Pandeni."

Miaka minne Bekir aliishi ugenini, akiwaandikia wanyonge barua za malalamiko bila ujira, hakosi sala wala hamlaumu mtu. Akarejea na mvi. Gavana mwingine alikuwa ameshika nafasi, na uchaguzi wa baraza ulipofika kijiji kizima cha Wakatoliki kilimpigia Bekir kura. Karani akamuuliza Mzee Ignacy kwa nini amemchagua Mwislamu.

"Anavyosali sijui," akajibu mzee. "Anavyoshuhudia, najua."

Ndugu zangu, watu wengi husema kweli inapowafaa, na hiyo si kazi. Tumwombe Mola atupe ulimi usiopinda hata mbele ya machozi ya tunaowapenda, na subira ya kupokea kitakachofuata. Amina.