Makaa Matatu ya Bi Mize

Sogeeni, wanangu, hadithi imeiva.

Hapo kale zimwi lilimeza moto wa kijiji kizima. Jikoni kwa mjane Bi Mize tu yalisalia makaa matatu. Jirani akaja na kigae: "Hodi! Naomba moto." Akampa kaa. Akaja wa pili, akampa. Hodi ya tatu, lo! Zimwi lenyewe, mikono mitupu, linatetemeka.

"Bibi, moto wa kuiba haunipashi joto. Naomba."

Bi Mize akalitazama kaa la mwisho. "Utaungua viganja, baba. Chukua na kigae changu."

Zimwi halikuwahi kupewa kitu. Likacheka, likacheka, likacheka, mioto yote ikalitoka kinywani, kila mmoja ukarudi jikoni kwake.

Tangu hapo, moto wa Bi Mize ukizimika, anayewahi kupiga hodi ni zimwi, kaa kigaeni.

Asiyeamini aninuse moshi nguoni.