Hakimu Aliyeogopa Kuamua

Hii nimetumiwa, nami naipitisha kwako. Isome taratibu hadi mwisho.

Katika mji mmoja wa milimani palikuwa na hakimu aitwaye Shekiondo. Alikuwa mtu safi, asiyepokea rushwa hata ya mkungu wa ndizi. Ila alikuwa na kasoro moja: aliogopa mno kukosea.

Mbele yake lilikaa shauri la Bi Nakijwa, mjane aliyechomewa nyumba. Alimlalamikia jirani yake Kaoneka, kwa kuwa walikuwa wamegombania mpaka wa shamba. Kaoneka alikana. Alikuwa mfanyabiashara mwenye ndugu wengi, na kila shauri lilipotajwa ndugu hao walijaa mahakamani, nyuso zimekunjamana.

Shekiondo aliwatazama, akawaza: "Nikimfunga, hawa watanifanya nini? Nikimwachia, mji utasema nimehongwa."

Basi akasema, "Shauri limeahirishwa."

Akashusha pumzi. Mara iliyofuata akasema hivyo hivyo, na iliyofuata pia. Mashahidi walikuja wakarudi makwao bila kusikilizwa. Masika ikapita, ikaja nyingine.

Asubuhi moja karani aliingia na amri ya Mahakama Kuu. Jaji aliandika kwa ufupi: "Hatukuambii uamue nini. Tunakuagiza uamue, kabla mwezi huu haujaisha."

"Bi Nakijwa kanishtaki kwa wakubwa," aliwaza Shekiondo.

Siku ya shauri ilipofika, alishindwa kujizuia.

"Bi Nakijwa, mbona ulikwenda Mahakama Kuu bila kuniambia?"

Mjane akashangaa. "Mimi, mheshimiwa? Hata mlango wake siujui."

Kizimbani, Kaoneka akainua mkono. "Ni mimi niliyekwenda."

"Wewe, mshtakiwa? Mimi nilidhani kuchelewa kunakufaa!"

"Kunifaa?" Sauti ya Kaoneka ilikwaruza. "Wanangu wanaitwa watoto wa mchoma nyumba. Mke wangu hasalimiwi kisimani. Hawa ndugu zangu hunisindikiza kwa sababu nikipita peke yangu narushiwa mawe. Kama nina hatia, nifunge. Kama sina, sema watu wasikie. Ngoja ngoja huumiza matumbo, mheshimiwa."

Shekiondo aliinamisha uso. Kisha akaita mashahidi.

Akasimama mpasua mbao aitwaye Singano, akala kiapo. Alisema siku ile ya moto alimwona Hoza, shemeji yake Bi Nakijwa, akitoka nyuma ya nyumba na dumu la mafuta ya taa, na punde moshi ukafuka. Mwanamke wa nyumba ya pili naye akasema alimwona vivyo hivyo. Tangu kaka yake, mume wa Bi Nakijwa, afariki, Hoza alikuwa akikitaka kiwanja kile.

"Kwa nini hamkusema siku zote hizi?" hakimu aliuliza.

"Tulikuja kila tulipoitwa," Singano alijibu. "Kila mara tukaambiwa turudi nyumbani."

Kabla ya adhuhuri Kaoneka aliachiwa huru. Ndugu zake walilia kama watoto. Shekiondo akaagiza Hoza akamatwe mara moja.

"Yuko wapi huyo Hoza?"

Bi Nakijwa alikuwa ameshika ukingo wa benchi.

"Baada ya moto tulijenga kibanda, akahamia kwangu. Alisema ananilinda na Kaoneka," alisema polepole. "Muda wote huu nimempikia, mimi na wanangu tukaishi naye chini ya paa moja. Mavuno yaliyopita aliaga anakwenda kutafuta kibarua. Sijui aliko."

Akamgeukia hakimu. "Na akirudi, mheshimiwa?"

Shekiondo akatia sahihi hati ya kumkamata Hoza, mahali pa kuandika makazi yake pakabaki patupu.

Funzo: Anayeahirisha haki kwa hofu ya kumwonea mmoja huwaonea wote, isipokuwa mkosaji, huyo humpa muda wa kukimbia.