Kofia ya Zimwi

Niitikieni, wanangu, nisije nikasema na ukuta.

Hapo kale palikuwa na mshona kofia, Mwanakombo, ambaye sindano yake ilishona siku za watu. Mtu aliyeshonewa siku nyingi kofiani aliishi miaka mingi.

Zimwi likamjia. "Siku zote za mji huu zishone kwenye kofia yangu. Niishi mimi tu."

"Kofia haishonwi bila kupima kichwa," alijibu, bila kuinuka mkekani. "Inama."

Zimwi likammeza mbuzi wa Mwanakombo. "Siinami."

"Basi huna kofia."

Likang'oa paa. "Siinami kwa mwanamke."

"Basi huna kofia."

Likamkaba mumewe shingo. Mwanakombo akaishika sindano kwa mikono miwili. "Ukimuua, navunja sindano. Mwachie, kisha uiname."

Tamaa ikalishinda. Likamwachia, likainama. Mwanakombo akazungusha uzi kichwani kana kwamba anapima, kumbe anazishona nywele za zimwi kwenye siku ile ile. Akakaza fundo, akakata uzi kwa meno.

Kulipokucha, watu wote waliamka kwenye siku mpya. Zimwi lilibaki jana, limeinama.

"Nifungue," likalia kutoka huko.

Mwanakombo akatunga uzi mwingine, wala hakugeuka.

"Njoo kesho."