Shada la Mwanamke Asiyepiga Magoti

Hapo zamani, huko Norwei, nchi ambayo majira ya baridi ardhi yake huganda ikawa ngumu kama jiwe, palikuwa na mke wa mchungaji aliyeitwa Ragnhild. Nyumbani kwake alikuwapo binti mtumishi, Oline. Oline akapata mimba, aliyempa mimba akaikana, na binti wa watu akajitupa ziwani.

Mchungaji Ingvald, mumewe Ragnhild, akasema, "Aliyejiua hazikwi kwenye makaburi ya kanisa. Apelekwe msituni."

Ragnhild akasema, "Oline amenilelea wanangu. Atazikwa wanapozikwa watu."

Hakumngoja mtu. Alibeba kuni hadi makaburini, akawasha moto juu ya udongo ulioganda. Ulipolainika kidogo akachimba. Akawasha tena, akachimba tena. Viganja vikatoka malengelenge, yakapasuka. Waumini walisimama ukutani wakitazama, asiwepo wa kumpokea sepetu. Oline alipokwisha kuzikwa, Ingvald akaja, akamwambia mkewe mbele ya wote, "Piga magoti uniombe radhi, au usirudi nyumbani."

"Sipigi."

Hakurudi. Watoto wakabaki kwa baba yao. Ragnhild akapanga chumba mjini, akawa fundi wa kushona, na kila siku aliwakumbuka wanawe. Wa kumweleza hakuwa naye. Basi akamwandikia Aslak Ronevik, mtunzi wa tamthilia, aliyekuwa amehamia nchi za kusini kwa kuwa wakubwa wa kwao walichukia maandishi yake. Barua zikaenda, zikarudi. Aslak akauliza: Ulisema nini? Moshi ulinukaje? Mikono iliuma wapi? Ragnhild akajibu yote, maana tangu afukuzwe hakuna mtu aliyewahi kumuuliza.

Baadaye Aslak akatoa tamthilia. Moto ulikuwamo, sepetu ilikuwamo, na yale maneno ya makaburini yalikuwamo. Jina la Ragnhild halikuwamo, wala hakuombwa ruhusa.

Mwenye ukumbi wa maigizo katika mji alikokaa Ragnhild akaisoma, akaogopa. Akamwandikia mtunzi: "Mwisho huu utatuletea balaa. Mwanamke apige magoti, nami nitakulipa vizuri." Wakati huo Aslak alikuwa akila mkate mkavu, na koti lake ameliweka rehani. Akajibu kwa neno moja: "Hapigi."

Mwenye ukumbi hakujali. Akaufuta mwisho, akaandika wake, akampa mwigizaji wake Dagny, mjane aliyekuwa akimuuguza mama yake mzazi. "Utapiga magoti," akamwambia. "Usipopiga, hutapanda jukwaa hili tena." Dagny akaipokea karatasi.

Siku ya onyesho Ragnhild alikaa juu kabisa, kwenye viti vya bei ndogo. Akasikia maneno yake yakitoka kinywani mwa mtu mwingine. Kwanza aliona aibu, kama aliyevuliwa nguo. Kisha akaona fahari. Kisha hasira zikampanda: watu wa mji ule, ambao hawakuwahi hata kumuuliza habari zake, walikuwa wakimlilia mwanamke wa jukwaani!

Yule mchungaji wa kuigiza akanyoosha kidole. "Piga magoti!"

Dagny akatupa jicho pembeni, alikosimama mwenye ukumbi. Akaikamata sepetu kwa mikono miwili. "Sipigi."

Ukumbi ukachafuka. Hawa wanazomea, hawa wanatoka, hawa wamesimama wanapiga makofi mpaka taa zinatikisika. Dagny alifukuzwa kazi hata hajafuta rangi usoni.

Wanawake wa mji wakasuka shada la matawi mabichi la kumheshimu aliyestahili sifa ya neno lile, wakalifunga utepe mweupe. Hawakupatana kuhusu jina la kuandika juu yake. Nusu walisema Aslak, nusu walisema Dagny. Wakaamua kumwandikia Aslak atoe neno lake. Jibu lilipofika wakamchukua Dagny, wakaenda naye kwa fundi wa kushona, bila kujua fundi huyo ni nani.

"Tushonee jina hapa, mama."

Ragnhild akatunga uzi kwenye sindano. "Jina la nani?"

Ikasomwa barua ya Aslak: "Wengi wamechimba makaburi, wakasahauliwa. Bila mimi, hili lingekuwa umbea wa kijiji kimoja. Magoti yale ningeyauza nikala nyama. Nilikaa na njaa yangu."

Dagny akasema, "Aslak alikataa akiwa mbali, kwa kalamu. Mimi nilikataa mbele ya macho yao. Na huyo binti aliyezikwa sikumjua, hakuwa ndugu yangu wala rafiki. Mama yangu anakohoa nyumbani na sina kazi. Nililijua hilo, na bado nilisimama."

Ragnhild akaweka utepe mapajani, akawafunulia viganja vyake vyenye makovu. Wote wakatambua kwamba aliyechimba kaburi lile ndiye huyu.

"Ninyi mmepoteza nyama na kazi," akasema. "Mimi nimepoteza wanangu. Na siku ile hapakuwa na wa kupiga makofi, wala mtu wa kuniandikia la kusema."

"Lakini aliyekufanya usikike ni mimi," Dagny akajibu.

"Na aliyekupa la kusema ni mimi."

Utepe ni mmoja, na nafasi ni ya jina moja. Hakuna aliyekubali kumwachia mwenzake, na wanawake wote wanamtazama Ragnhild, sindano i mkononi mwake.

Haya, ninyi mliokaa mkanisikiliza: sindano hiyo ingekuwa mikononi mwenu, mngeshona jina gani? Je, nani alistahili?