Neno la Sakafu ya Kakao

Jumatatu, tarehe 3 Februari 1997. Asubuhi hiyo ukungu ulilala juu ya vilima vya Belle Roche kama shuka iliyosahauliwa kitandani, na manyunyu mepesi yalipita mara mbili kabla jua halijapata nafasi ya kuchungulia. Miti mirefu inayoipa kakao kivuli ilikuwa imechanua. Maua yake ya rangi ya chungwa yalianguka mojamoja, taratibu, hata mtu aliyesimama kuyatazama angeweza kusahau alikokuwa akienda.

Tanti Verina Pantin, "shangazi" wa kijiji kizima, hakusahau. Alikuwa akienda kwenye nyumba ya kukaushia kakao, funguo mkononi, Biblia ndogo na daftari ndani ya mkoba. Tangu mumewe afariki, miaka ishirini na sita iliyopita, yeye ndiye aliyeisimamia nyumba ile yenye paa la kusukumwa juu ya reli. Aliweza kunusa kakao akajua imebakiza siku ngapi za jua. Jambo moja tu hakuwahi kulifanya: kuvua viatu akapanda sakafuni kuicheza kakao, yaani kuisugua kwa miguu mpaka ing'ae. Alikuwa binti wa mwalimu mkuu, aliyeletwa kilimani kama bibi harusi akiwa na soksi nyeupe, na tangu siku hiyo mahali pake palikuwa mlangoni.

Mwaka ule, Trinidad nzima ilikuwa na neno moja mdomoni. Neno lenyewe ni galande. Lilitoka katika wimbo wa Kanivali, ile sherehe ya ngoma za barabarani kabla ya Kwaresima, ulioimbwa na Garvin, dereva wa lori la kakao wa hapohapo Belle Roche, na kabla yake hakuna aliyekuwa amelisikia. Muuza nazi akipasua dafu lililojaa maji alisema, "Hilo galande." Mtangazaji wa kriketi, mpira ulipovuka uzio, alisema mpigaji amegalande. Watoto walimweleza mwalimu wao kwamba hesabu zimekataa kugalande. Garvin alipoulizwa redioni maana yake, alicheka, akasema, "Kaka, mimi sikulitafuta. Lilinikuta miguu yangu ikiwa kwenye kakao."

Tanti hakulipenda. Neno lisilo na maana, aliwaza, ni kama nyumba isiyo na taa: nani ajuaye kilichomo? Alilitafuta katika kamusi ya marehemu baba yake, asilione. Akaanza kuuliza watu, akiandika majibu yao katika daftari kwa mwandiko wake wa kulala. Alipata majibu kumi na moja, na hapakuwa na mawili yaliyopatana. Mwisho aliamua kwamba neno ambalo watu kumi na mmoja wameshindwa kulieleza lazima liwe limeficha uchafu.

Yote hayo yangepita kama upepo, kama si Anselma.

Anselma alikuwa mjukuu wake, aliyemlea tangu akiwa na miaka minne, pale mama yake alipokwenda New York kutafuta kazi. Mama huyo aliandika barua, kisha kadi, kisha akanyamaza. Sasa Anselma alikuwa na miaka kumi na tisa. Ndiye aliyeongoza sauti ya kwanza katika kwaya ya kanisa, na ndiye aliyeitikia nyuma ya Garvin katika wimbo ule. Wiki tatu zilizopita bibi na mjukuu walisimama jikoni, chai ya kakao ikipoa mezani.

"Niambie maana yake kwa sentensi moja safi," Tanti alisema, "nami nitanyamaza."

"Bibi, halisemeki. Linachezwa."

"Kila neno lililo jema linasemeka."

"Basi mbona ukiomba alfajiri unafika mahali unanyamaza, unalia tu?"

Hilo lilimchoma Tanti kama mwiba. "Toka," alisema. "Ukiipata hiyo maana, urudi nayo. Bila hiyo, usivuke kizingiti changu."

Anselma alichukua mto wake, akahamia kwa jirani yao Merlene. Na Jumatano ya Majivu, siku tisa tu mbele, bendi ya Garvin ingesafiri kwenda New York, na Anselma angekuwa pamoja nao ndani ya ndege. Tanti aliujua mji ule. Ulikuwa umekwisha kummeza binti yake, na aliyekwenda huko akiwa amefungiwa mlango nyumbani hakuwa na sababu ya kurudi. Lakini alikuwa amekwisha kutamka, na kwake yeye neno lililotamkwa lilikuwa kama msumari uliokwisha kuzama ubaoni. Kila alfajiri alipiga magoti. "Bwana," aliomba, "nipe njia ya kumrudisha, ila usinifanye niseme uongo kwamba naelewa."

Asubuhi hiyo rundo la mwisho kabla ya Kanivali lilikuwa likisubiri. Mzee Sookram, aliyesukuma paa na kuvuta reki tangu ujana wake, alikuwa amekwisha kuinyunyizia kakao maji. Kakao ikishanyunyiziwa haina subira: sharti ichezwe siku hiyohiyo mpaka ing'ae, la sivyo huota kuvu nyeupe, na jasho la mwezi mzima likaenda jalalani.

Wachezaji walikuwa saba, miguu mitupu, suruali zimekunjwa hadi magotini. Merlene alikuwamo. Anselma naye alikuwamo.

"Shikamoo, Bibi," Anselma alisema, macho sakafuni.

"Marahaba," Tanti alijibu, macho kwenye daftari.

Walijipanga duara, na bila kufikiri Merlene akaanzisha wimbo wa Garvin.

"Si humu," Tanti alisema kutoka mlangoni. "Imbeni kitu kingine. Imbeni zaburi."

"Tanti, zaburi ipi ina kiuno?" Merlene aliuliza, na wengine wakainama kuficha kicheko.

Walijaribu wimbo wa kanisani. Ulikuwa mzuri, lakini uliandikwa kwa ajili ya watu waliokaa, na miguu yao ikanata. Walijaribu kimya, kimya kikawa kibaya zaidi. Ilipofika saa nne, Sookram alichota kakao kwa kiganja, akaipeleka mlangoni.

"Bosi, tazama. Imenuna."

"Waambie waongeze bidii."

"Bidii ipo. Tatizo hawashikani. Kila mguu una barabara yake."

Kabla Tanti hajajibu, Merlene aliguna, akashika goti lake la zamani, lile aliloliumiza shambani. Alitoka kwenye duara akichechemea, akaketi kando ya ukuta. Wingu zito lilikuwa likipanda kutoka upande wa bahari. Sookram alilitazama, akatazama mkono wa kusukumia paa. Mtu wa kuziba nafasi ya Merlene hakuwepo. Kijiji kizima kilikuwa mjini kikishona mavazi ya Kanivali.

"Tanti," Merlene aliita kutoka ukutani, "wewe una miguu miwili. Miaka yote hii sijaiona. Watu wanasema huna vidole."

Wote walicheka, isipokuwa Anselma. Yeye alisogea tu, kidogo, kiasi cha nafasi ya mtu mmoja.

Tanti aliiona nafasi ile. Ilikuwa ndogo, na ilikuwa kando ya mjukuu wake. Alifumba macho. "Bwana, sijui ninakoingia," alinong'ona. Kisha akaketi kwenye kizingiti, akavua viatu, akavua soksi, akazikunja vizuri kama anavyokunja vitambaa vya madhabahu. Miguu yake ilikuwa laini na myeupe chini, kama ya mtoto. Alipanda.

Kakao ilikuwa na joto. Hakulitarajia hilo. Ilimpokea hadi kwenye vifundo, ikiwa na harufu ya siki na ya sukari iliyoungua, naye akayumba. Mkono wa Anselma ukamshika kiwiko.

"Usikanyage, Bibi. Burura. Kama unatafuta kitu gizani kwa vidole."

"Naburura."

"Sasa geuza kisigino."

Walizunguka mara moja, mara mbili. Miguu yake ilikuwa nyuma ya wengine kama mgeni anayefuata msafara asioujua. Alijua kinachokosekana. Alijua tangu saa mbili.

"Imbeni," alisema.

"Tuimbe nini, Tanti?" Merlene aliuliza, kwa upole safari hii.

"Mnajua."

Anselma akaanza, sauti yake ikiwa chini, na wengine wakaipokea. Mwanzoni Tanti aliyasikiliza maneno, akiyapima moja baada ya jingine. Kisha akawa hayasikilizi tena. Paa lilikuwa bado wazi, na maua ya rangi ya chungwa yalikuwa yakiingia pamoja na ukungu, yakishuka polepole sana, kana kwamba hewa yenyewe imekuwa nzito kama asali. Hakujua wamezunguka mara ngapi. Alitazama mlangoni, na kwa muda ilikuwa kana kwamba mumewe amesimama pale, kofia mkononi, akimngoja. Akaona jinsi mlango ule ulivyo mdogo ukiutazama kutoka ndani. Ulikuwa kama tundu la ufunguo, naye alikuwa amelichungulia kwa miaka ishirini na sita akidhani anaiona nyumba.

Ndipo ikaja. Miguu kumi na minne ilishuka kwa pamoja. Kakao yote, kutoka ukuta hadi ukuta, iligeuka chini yao kama maji, ikatoa sauti ya mvua iangukayo baharini, na sakafu ya mbao ikavuta pumzi. Hakuna aliyekuwa mzito. Kifua cha kila mmoja kilipanda, na katika upenyo ule mfupi neno likatoka katika vinywa vyote kwa mara moja.

"Galande."

Lilitoka na kinywani mwa Tanti. Hakuwa ameamua kulisema.

Walicheza mpaka kila punje ikang'aa kama kiatu cha Pasaka. Sookram alisukuma paa, nalo lilipogonga mwisho wa reli, manyunyu yakaanza kupiga mabati juu yao. Walisimama wakihema. Anselma alijifuta uso kwa mkono.

"Haya, Bibi," alisema polepole. "Maana yake?"

Merlene alichechemea hadi kwenye mkoba, akalileta daftari limefunguliwa. "Hapa pana nafasi ya jibu la kumi na mbili," alisema.

Tanti alishika penseli. Alifikiri kuandika furaha, lakini haikuwa furaha, kwa sababu alikuwa akilia. Alifikiri kuandika umoja, likawa neno la mikutano. Sala ilikaribia, lakini nayo haikufika. Akaanza kucheka, akairudisha penseli.

"Sina," alisema. "Nilikuwa nalo kinywani sasa hivi, na sina."

"Hata mimi, Bibi. Ndiyo maana sikurudi. Sikuwa na cha kuleta."

Tanti aliutazama uso ule alioulea. Akanyoosha mkono wa kuume juu, kama anavyofanya kanisani mtu aletaye ushuhuda, miguu yake mitupu ikiwa bado ndani ya kakao.

"Sookram, Merlene, nanyi nyote," alisema, "nisikieni, ili siku nikigeuka mnishike."

"Tunasikia, bosi."

"Weka na Kanivali katika ahadi hiyo," Merlene alisema.

"Jumatatu ijayo, siku ya Kanivali, nitatembea nanyi mpaka njia panda. Zaidi ya hapo magoti ni ya Mungu." Alingoja kicheko kipite, kisha akamgeukia mjukuu wake. "Mbele yenu na mbele za Mungu naahidi. Leo Anselma analala nyumbani kwetu. Jumatano ya Majivu anaondoka, nami sitamzuia. Siku atakayorudi, iwe mwakani au nikiwa kikongwe nisiyeona, atakuta mlango wangu u wazi, na hautamuuliza swali. Na yeyote atakayekuja kutaka maana ya neno lile, sitamfungulia daftari. Nitamwambia avue viatu, kwa kuwa utamu wa ngoma, ingia ucheze."