Wimbo wa Dakila Chini ya Dirisha

— Paukwa!
— Pakawa!
— Pakawa na dirisha.
— Lifunguliwe!
— Likifunguliwa?
— Tumwone aliye ndani!

Haya, sogeeni motoni. Hapo zamani za kale, katika visiwa vya Ufilipino, kijana akimpenda msichana hakutuma mshenga. Alikwenda mwenyewe kuwatumikia wazazi wa msichana: apasue kuni, ateke maji, atwange mpunga. Kisha jioni aimbe chini ya dirisha la binti. Jioni tatu zikipita dirisha halijafunguka, basi, abebe shoka lake arudi kwao.

Dakila alimpenda Ligaya mpaka chakula hakimpiti kooni. Akapasua kuni, akateka maji, akatwanga mpunga. Kazi haikumshinda. Kilichomshinda ni kuimba. Sauti yake ilikuwa kama mlango uliokosa mafuta.

Akamwendea Chiriku. "Ewe Chiriku, niazime sauti."

"Nitaimba juu ya mpapai, wewe fungua mdomo tu," Chiriku akasema. "Lakini Ligaya ana masikio."

"Wewe imba."

Jioni ya kwanza Chiriku akaimba, Dakila akafungua mdomo. Dirisha kimya.

Jioni ya pili Chiriku akaimba, Dakila akafungua mdomo. Dirisha kimya.

Jioni ya tatu Chiriku akaimba mpaka majirani wakaacha kula. Dirisha kimya.

Dakila akalia. Akaenda kuchukua shoka lake kando ya kinu, akakuta mpunga haujatwangwa. "Nisiwaachie kazi," akasema, akashika mchi. Twi, twi, twi. Na kama ilivyokuwa kila asubuhi, wimbo ukamtoka bila mwenyewe kujua:

"Ligaya, twi! Ligaya, twi! Ligaya wangu, twi!"

Chiriku akaruka akaenda zake. Mbwa akajificha nyuma ya kuni. Dirisha likafunguka.

"Kumbe upo," Ligaya akasema. "Huo ndio wimbo ninaoamkia kila siku. Jioni zote hizi nakungoja wewe, unaniletea ndege."

"Ulijua?"

"Nimekusikia ukitwanga, Dakila. Sauti yako naijua, nami naipenda."

Baba yake akaitikia kutoka ndani: "Mwanangu, mkaribishe ale, kabla hajaimba tena."

Wakaoana, wakakaa kwa raha, na mpunga ukatwangwa kwa wimbo uleule.

Basi wanangu, ukienda kutafuta mpenzi, nenda na sauti yako mwenyewe. Hadithi nimeitwanga, pumba nimezipepeta, mchele chukueni ninyi. Mimi harusini nilikuwepo, nikaombwa kuimba. Wageni wakaondoka mapema, ndiyo maana nilishiba.