Kwa Nini Shubiri Ni Chungu

Kaeni vizuri, na mwenye usingizi akalale kwao, maana hili silisemi mara mbili.

Zamani, kabla watu hawajajua matanga ni kitu gani, shubiri haikuwa na ladha. Naam, shubiri hii hii mnayoikunjia uso! Utomvu wake ulikuwa mweupe kama maji, na majani ya mshubiri hayakuwa na miiba. Wala haikuwa dawa ya tumbo. Ilikuwa dawa ya moyo. Mtu akipandwa na hasira alivunja jani, akajipaka tone moja kifuani, na utomvu ukainywa hasira yote. Wivu, hofu, huzuni, vyote vilinyweka. Sharti lilikuwa moja tu: uufute kabla haujakauka.

Huko Kwembago, kijiji cha wakulima wa mpunga, watu waliishi hivyo, wakajiona wajanja. Maiti ilizikwa asubuhi, na adhuhuri wafiwa wako shambani wanafukuza ndege. Hakuna aliyekaa na mwenziwe, hakuna aliyempikia mfiwa uji. Wa nini? Jani moja, basi, yamekwisha.

Mwanamke mmoja, jina lake Sikudhani, naye alikuwa vivyo hivyo mpaka alipofiwa na Zuwena, binti yake wa miaka sita. Homa ya siku mbili tu, mtoto kaondoka. Wanawake walimletea jani, akalikataa. Akajifungia ndani na mwanawe mchanga, Mbaruku, wa miezi mitano, akalia mpaka sauti ikamkauka. Kijiji kikaduwaa. Hakuna aliyewahi kusikia mfiwa akilia siku ya pili.

Mama mkwe wake, Bi Mwanatenga, akamwendea. Hakuwa mtu mbaya, msimsingizie. Alikuwa na mpunga ulioiva, na ndege hawana huruma.

"Mwanangu, jipake twende shamba," alisema. "Sote tumefiwa."

"Mama, wewe umezika wangapi?"

"Wanne." Bi Mwanatenga akafikiri kidogo. "Au watano. Yule wa katikati simkumbuki vizuri. Nadhani alikuwa wa kike."

Lo! Mama abebe mimba, azae, anyonyeshe, azike, kisha asijue alizika wa kike au wa kiume? Hapo ndipo Sikudhani alipojua kwa nini hataki lile jani. Kilio kile ndicho pekee alichobaki nacho cha Zuwena. Akikitoa, mtoto atakuwa amekufa mara mbili.

Lakini mwili nao una yake. Hali, halali, analia tu, maziwa yakakatika. Siku ya sita Mbaruku alivuta titi, akavuta tena, asipate kitu. Utosi wake ulikuwa umebonyea, na kilio chake kimekuwa chembamba.

"Unamlilia aliyekwenda, unamuua aliyepo," Bi Mwanatenga akamwambia. "Haya, chagua."

Maneno hayo yalimchoma Sikudhani kwa sababu yalikuwa kweli. Akachagua. Alivunja jani, akajipaka. Huzuni ikapungua, kisha ikarudi. Akavunja la pili, akavunja la tatu. Akajipaka kifua kizima na matiti yote mawili, maana huko ndiko alikokuwa akisikia maumivu, akalala chali. Sharti alilijua. Lakini aliogopa kwamba akifuta mapema huzuni itarudi na maziwa yatakatika tena. Basi akauacha utomvu ukauke.

Jamani, utomvu haukuwa na akili ya kuchambua! Ulimaliza kilio cha Zuwena, ukakuta chini yake mapenzi ya Zuwena, ukayanywa. Kando yake ukakuta mapenzi ya Mbaruku, maana moyo wa mama hauna vyumba, ukayanywa nayo. Hasira na wivu wa watu, hivyo utomvu ulikuwa umevizoea. Mapenzi ya mama, mazima mazima, haukuwahi kuyaonja, nayo yakaushinda. Palepale kifuani ukageuka manjano, ukawa mchungu, na mishubiri yote ya Kwembago ikaota miiba kingoni mwa majani.

Sikudhani aliamka mwepesi. Maziwa yalikuwa yamerudi, yanamdondoka mpaka kiunoni. Akampakata Mbaruku, akamtia titi mdomoni. Mtoto akavuta mara moja, akatema, akaangua kilio. Akampa la pili, akatema vilevile. Alijiosha kwa maji, uchungu haukutoka.

"Hataki," Sikudhani alisema. Akamlaza mkekani, akachukua kombeo lake, akaenda zake shamba kufukuza ndege. Kilio cha mtoto kilimfuata njia nzima, asigeuke.

Bi Mwanatenga alibaki amesimama, mjukuu analia miguuni pake. Hofu ilimshika, naye kama kawaida yake akakimbilia jani ajipake. Utomvu ulitoka wa manjano, haukunywa kitu. Kwa mara ya kwanza tangu azaliwe yule bibi aliogopa, na hofu ikabaki naye. Akambeba Mbaruku mbio mpaka kwa jirani, Mwanakombo, aliyekuwa na kichanga chake. Huko akanyonyeshwa, akapona. Akakua akimwita Mwanakombo mama, hatua ishirini tu kutoka mlangoni kwa aliyemzaa.

Alipopata akili na kuambiwa habari zake, alikwenda kwa Sikudhani.

"Shikamoo, mama. Unanijua?"

"Marahaba. Nakujua, wewe ni mwanangu," alijibu, kama mtu aliyeulizwa njia ya kisimani, kisha akaendelea kupepeta mchele. Mbaruku akasimama pale akingoja neno la pili. Mpaka yule mama anaingia kaburini, neno hilo halikumtoka.

Na tangu siku hiyo shubiri ni chungu, utomvu wake ni wa manjano, na haibebi huzuni ya mtu. Afiwaye hulia mwenyewe, na majirani hukaa naye. Na mama anapotaka kumwachisha mtoto kunyonya, hujipaka shubiri kwenye titi. Mtoto akionja hutema, akalia. Mara nyingi mama naye machozi humtoka. Wanawake wakubwa wakimwona hawamnyamazishi. Humwambia, "Lia, mwanangu, lia. Sikudhani, mwanawe alipotema, hakulia."